Begi la Watoto Wawili

Kwenda kliniki begi lilikuwa jepesi. Kurudi lilikuwa zito, ingawa Lea alikuwa ameshamwaga maji.

Maji yenyewe aliyamwaga njiani. Jua lilikuwa la utosi, mtoto alikuwa amechafua nepi mpaka mgongoni, na kutoka mjini Itigi hadi nyumbani kwao palikuwa na kipande cha njia kisicho na nyumba hata moja, kichaka huku na kichaka kule. Akatafuta kivuli kidogo kando ya kichuguu, akatandika khanga, akamlaza Shukuru na kumfuta. Alikuwa na kawaida ya kubeba chupa ndogo ya chai yenye maji ya moto, kwa sababu mtoto yule akifutwa kwa maji baridi alilia mpaka sauti inakauka. Alipomaliza, maji yaliyobaki yalikuwa bado yanatoa mvuke. Hakuona haja ya kuyabeba. Akayamimina kwenye shimo la kichuguu.

Ndani ya shimo kitu kikalia. Kilio chembamba, kifupi, kikakatika katikati.

Lea akadhani ni panya. Akatikisa chupa, akaifunga, akapanga vitu vyake. Lakini Shukuru, ambaye kwa umri wake alikuwa hajui kutazama kitu kwa muda mrefu, aligeuza shingo akakazia macho lile shimo, na hata alipofungwa mgongoni kwa mbeleko aliendelea kupinda kichwa kutazama nyuma.

Walikuwa wakiishi ng'ambo ya kipande hicho, kwenye nyumba chache zilizopakana na kichaka. Kichaka cha huko hakina miti mirefu. Ni vijiti vimesongamana na kushikana, mbuzi akiingia hatua chache tu humwoni tena, unasikia kengele yake tu. Emilian, mume wa Lea, alikuwa mrina asali. Mizinga yake ilikuwa ndani huko, na msimu ukifika alikaa porini na wenzake hata wiki nzima, akirudi nguo zote zinanuka moshi. Nyumbani alibaki Lea na mama mkwe wake, Magdalena, mama mnyamavu aliyekuwa kiongozi wa jumuiya kanisani na mwenye macho ya kuona kila kitu. Lea mwenyewe alikuwa ameolewa kutoka Kinyangiri, kwa Wanyiramba. Kinyiramba chake hakikumsaidia sana pale kwa Wanyaturu, na baada ya mwaka na kitu alikuwa bado anaelewa nusu ya yale mama mkwe aliyoongea na majirani.

Alipofika nyumbani siku ile akatoa vitu kimoja kimoja. Nepi moja aliyoifunga ikiwa safi, iliyokunjwa vizuri, ilikuwa imelowa. Si mkojo wa Shukuru, ule aliujua. Ilikuwa imelowa tope jembamba la rangi ya udongo wa kichuguu, na ilitoa harufu ambayo ilimchukua muda kuitambua. Ni harufu ya kuku aliyemwagiwa maji ya moto, anayesubiri kunyonyolewa.

Akaifua, akaianika. Hakumwambia mtu.

Jumapili alipanga begi kama alivyolipanga siku zote. Nepi chini, fulana na suruali ya kubadilisha juu yake, kofia ya sufu, kitambaa, mafuta ya mgando. Mikono yake ilikuwa imezoea kazi ile, angeweza kuifanya amefumba macho. Kanisani, katikati ya mahubiri, Shukuru akacheua na Lea akaingiza mkono kutafuta fulana. Fulana ilikuwa imejikunja, ina joto, kama imevuliwa mwilini mwa mtu sasa hivi. Akaivuta. Kwa ndani, upande wa mgongo, palikuwa pamegandana kitu chepesi kama ganda la kitunguu. Akakibandua kwa ukucha kabla hajajua anachokifanya. Ilikuwa ngozi.

Akairudisha fulana ndani na kufunga zipu. Mpaka ibada inaisha alikuwa amelisukuma begi kwa mguu hadi chini ya benchi la mbele.

"Mama, umegusa begi la mtoto?" alimuuliza Magdalena walipokuwa njiani.

"Niguse la nini?"

"Nimeuliza tu."

Magdalena alimtazama, kisha akalitazama begi. "Mbona umeegemea upande mmoja hivyo? Umeweka mawe?"

Lea akasema amebeba khanga mbili.

Kuanzia hapo maziwa yake yakaanza kupungua. Mchana mmoja Magdalena alimfunga Shukuru mgongoni akatoka naye uani kupepeta mtama, na Lea, aliyekuwa amechoka, akajinyoosha kitandani. Usingizi ukamchukua. Aliota ananyonyesha. Ilikuwa ndoto ya kawaida ya mama yeyote, ila kinywa kilichokuwa kikinyonya kilikuwa cha moto, moto kama kikombe cha chai unachokishika ukakiachia, na alipojaribu kukitoa hakikutoka. Akashtuka. Blauzi ilikuwa wazi, imelowa, titi la kushoto limenywea kabisa. Uani alimsikia Shukuru akicheka mgongoni kwa bibi yake. Begi, ambalo alikuwa amelitundika ukutani kwenye msumari, lilikuwa kitandani kando yake, na zipu ilikuwa wazi.

Lea hakuwa mwoga. Alilelewa kwenye nyumba ya wafugaji, fisi alimsikia tangu utotoni. Lakini siku ile alikaa kwenye kona ya chumba ameyakumbatia magoti yake, mpaka Magdalena alipoingia na kumkuta.

"Lea, unaumwa?"

"Hapana, mama."

"Unanidanganya."

"Nitamwambia baba Shukuru akirudi," alisema Lea kwa sauti ndogo.

Kabla Emilian hajarudi, mwenye lile shimo alikuja mwenyewe.

Ilikuwa tena saa zile za jua kali, wakati kuku wote wamejificha uvunguni mwa ghala na hata watoto wa jirani wamelala. Magdalena alikuwa ameenda kisimani. Lea alikuwa jikoni, banda dogo lililotazamana na nyumba, akikoroga uji, na Shukuru alikuwa amelala ndani, na alipoinua macho kutoka kwenye sufuria akaona kwamba kizingitini mwa nyumba amekaa mwanamke, amempa ubavu, nywele zake zimeshikana kwa udongo mkavu na shingo yake imeinama kama ya mtu anayeshona, na akataka kumwita, nani wewe, lakini akaiona mikono, mikono mirefu iliyochukua nepi kwenye kamba ya kuanikia, ikaiweka kwenye mapaja, ikaikunja mara moja, ikaikunja tena, ikaisawazisha kwa kiganja kwa namna ileile ambayo Lea mwenyewe huisawazisha, kisha ikaiweka chini kabisa ya begi, halafu fulana, halafu suruali, halafu kofia ya sufu, polepole, kwa kukosea kidogo, kama mtu aliyejifunza kwa kuchungulia, na alipomaliza yule mwanamke alifunga zipu, akalipakata begi mapajani, akaanza kulibembeleza.

Uji ukafurika ukazima moto. Mvuke ukampiga Lea usoni, akafumba macho. Alipoyafumbua kizingiti kilikuwa kitupu na begi limekaa pale limefungwa vizuri, na kutoka ndani yake kulikuwa kunatoka sauti ya pumzi.

Emilian alirudi jioni ya siku iliyofuata akiwa na ndoo za asali kwenye baiskeli. Mkewe akamweleza yote, mbele ya mama yake, bila kuficha hata ya kanisani. Emilian alikuwa mtu wa kucheka haraka, lakini hakucheka. Alikuwa amekaa porini vya kutosha. Aliuliza swali moja tu.

"Kichuguu kipi?"

Lea akamwelekeza. Emilian akatazama chini. "Pale sisi hatupumziki," alisema.

Kisha akasimama, akalichukua begi kwa mkanda wake akilitenga na mwili, akatoka nalo uani kwenye moto ambao mama yake alikuwa akichomea takataka. Lea akamfuata akimwambia asubiri. Emilian akalitupa.

Kitambaa kilikuwa hakijashika moto vizuri wakati Shukuru, aliyekuwa mikononi mwa Magdalena, alipopiga ukelele ambao hakuna aliyewahi kuusikia kwake. Alijikunja kwa nyuma kama upinde. Magdalena akamfunua shati: mgongo wa mtoto ulikuwa unageuka mwekundu mbele ya macho yake, alama inapanda taratibu kutoka kiunoni kuelekea mabegani.

"Litoe," alisema Magdalena. "Emilian, litoe."

Ni Lea aliyelitoa. Aliingiza mkono motoni, akalikamata kwa mkanda, akaliburuta, akaanza kulipiga kwa khanga yake. Kona moja ilikuwa imeyeyuka. Shukuru akanyamaza. Na katika kimya kile wote watatu wakasikia, ndani ya begi, mtoto mwingine akilia kwa kwikwi.

Magdalena hakuomba ushauri wa mtu. Kesho yake alifunga kitambaa kichwani, akaenda hadi karibu na stesheni, akarudi alasiri akiongozana na Bibi Amne. Bibi huyo alikuwa Mwislamu, mfupi, mwenye kikohozi, na akina mama wengi wa Itigi walimpelekea watoto wao kimyakimya, wakiwemo wale waliokaa viti vya mbele kanisani.

"Shikamoo, bibi," alisema Lea.

"Marahaba, mjukuu wangu. Kaa hapo chini. Begi weka mbele yako."

Hakuwa na ngoma wala mkufu wa hirizi. Alichoma ubani kwenye kigae, akamfunika Lea kwa shuka, akasoma alichosoma kwa sauti ya chini akikohoa katikati. Emilian alisimama mlangoni amempakata Shukuru. Muda ukapita, treni ya mizigo ikapiga honi mbali ikaondoka, na chini ya shuka mabega ya Lea yakaanza kutikisika. Kinywa chake kikafunguka. Kilichotoka kilikuwa Kinyaturu, Kinyaturu cha zamani sana, kizito, ambacho Lea hakukijua na Emilian alikielewa neno hapa neno pale. Magdalena akashika mdomo. Hivyo ndivyo bibi yake mwenyewe alivyokuwa akisema.

"Wewe unakisikia," Bibi Amne alimwambia. "Nitafsirie. Muulize anataka nini. Mbuzi? Kuku?"

Magdalena akauliza. Akasikiliza. Alipojibu sauti yake ilikuwa kama ya mtu anayeongea ndani ya nyumba ya msiba.

"Anasema hataki mbuzi. Hataki damu. Anasema mtoto wake alikuwa amelala, akamwagiwa maji ya moto. Anasema huyu alimchoma, huyu ndiye amuuguze. Ndiyo maana alimweka kwenye begi. Aliona begi linakwenda kwa waganga wa watoto."

"Amuuguze mwenyewe. Ni mama yake," alisema Bibi Amne.

"Anasema maziwa yake yamekauka kwa kulia."

Bibi Amne akaongeza ubani kwenye kigae. "Muulize, na huyu akikataa?"

Jibu lilikuwa fupi. Magdalena hakulitafsiri.

"Mama Emilian. Amesema nini?"

"Amesema basi wabadilishane."

Mlangoni Emilian akamkaza Shukuru kifuani.

Lea alipozinduka walimwambia. Bibi Amne alimpa maji, akamshika mkono. "Mwanangu, yule mama ningeweza kumfukuza. Ningepambana naye. Lakini mtoto yumo humo ndani na hali yake ni mbaya, na akifia mikononi mwako hakuna nitakachoweza kukufanyia. Mimi nikwambie nini. Wewe ndiye mwenye titi."

Lea akalitazama begi lililoungua kona. Akafungua zipu.

Hakuona kitu, nguo tu. Lakini alipoingiza mkono, viganja vyake vikagusa mgongo mdogo, wa moto, uliochubuka, unaopanda na kushuka kwa shida.

Akaomba aletewe asali. Emilian akaleta ile mbichi ya porini, Lea akaipaka kwa vidole viwili, taratibu, palepale asipopaona, na kilio cha ndani kikapungua kikawa mguno.

Hivyo ndivyo alivyoanza kupanga begi la watoto wawili. Nepi za huyu na nepi za yule, fulana mbili, kofia mbili, mafuta ya Shukuru na kikopo cha asali. Hakuweza kutoka bila begi, kwa maana akiliacha Shukuru alilia, na akilichukua bega lilimuuma. Kliniki wanawake wenzake walimtania kwamba anahama. Titi la kulia alimpa mwanawe. La kushoto alilifunika kwa khanga, akalisogeza kwenye mdomo wa begi, akageuza uso ukutani. Siku za mwanzo alikuwa akitetemeka na machozi yanamtoka. Baadaye alitetemeka tu. Halafu ikaja siku ambayo aligundua kwamba ananyonyesha na huku anaimba ule wimbo wa kubembeleza wa kwao Kinyangiri, na hakujua ameanza kuimba saa ngapi.

Shukuru alikuwa akilazwa kando ya begi, akiingiza mkono ndani na kucheka peke yake. Magdalena aliona, akafanya ishara ya msalaba, akaendelea na kazi zake. Aliacha kuuliza kwa nini Lea anaegemea upande mmoja. Asubuhi nyingine Lea alikuta mama mkwe ameshazifua nepi zote, za huyu na za yule.

Joto likapungua. Makovu yakaanza kuwa laini chini ya vidole vyake. Siku moja kidole chake kilikamatwa kwa nguvu, nguvu ya mtoto mzima wa afya, na Lea akacheka kabla hajajizuia. Bibi Amne alipoambiwa akasema muda umefika, wala wasicheleweshe hata kidogo, akamtazama Lea usoni kwa muda mrefu kuliko Lea alivyopenda.

"Utamrudisha kwa roho moja?"

"Ndiyo, bibi."

"Haya."

Emilian alimsindikiza, akabaki kwenye kona ya njia kama alivyoagizwa. Jua lilikuwa juu kabisa. Lea akaliweka begi penye kichuguu, akafungua zipu, akarudi nyuma kidogo. Vijiti vilitikisika bila upepo. Ikaja ile harufu, hafifu sasa, imechanganyika na asali. Kitambaa cha begi, ambacho kilikuwa kimetuna, kikanywea polepole mpaka kikalala.

Akageuka kuondoka, na hapo ndipo kilio kilipoanza nyuma yake. Hakikuwa kilio cha maumivu. Kila mama anakijua kilio kile, ni kile cha mtoto aliyechukuliwa na mtu asiyemjua akimwona mama yake anaondoka. Maziwa yakamtoka Lea yakalowanisha gauni hadi kiunoni. Alitembea. Aliuma khanga yake akatembea, na Emilian alipompokea kwenye kona hakumuuliza kwa nini analia.

Nyumba ikatulia. Emilian alinunua begi jipya Singida mjini. Shukuru akajua kukaa, kisha kutambaa, meno yakatoka. Magdalena akarudia kuimba akipika. Bibi Amne alipita mara moja, akanywa chai, akasema nyumba ina hewa nzuri.

Mwisho wa kiangazi, mchana mmoja, Lea alikuwa kibarazani akimlisha Shukuru uji. Magdalena alikuwa kwenye jumuiya na Emilian porini. Mtoto alikuwa amekaa katikati ya mkeka. Ghafla akaacha kula. Akatazama kando yake, akatabasamu, kisha akajivuta kwa makalio, kidogo kidogo, mpaka pembeni kabisa ya mkeka, kama mtu anayempisha mwenzake akae.

Mkeka ukabonyea.

Lea hakupiga kelele. Kijiko kilikuwa mkononi mwake. Alikinyoosha pale palipobonyea, na uji ukaisha kwenye kijiko. Titi la kushoto, lililokauka tangu zamani, likamuuma.

"Umekuja na nani?" alinong'ona. "Mama yako anajua?"

Ndipo aliposikia sauti ya mwanamke kutoka upande wa kichaka. Ilikuwa ikiita, si kwa hasira, inaita kama mama anavyomwita mtoto aje kula, na ilikuwa inakaribia. Lea alitega sikio akisubiri kusikia yule mdogo anaitwaje kwao. Lakini jina lililokuwa likiitwa lilikuwa Shukuru.

Shukuru akageuza kichwa. Akaweka viganja chini, tayari kutambaa kuelekea uani.

Lea akamkwapua kwa mkono wa kulia. Mkono wa kushoto akaupeleka kwenye mkeka mtupu, ukapokea uzito, ukapokea vidole vidogo vilivyomkamata shingoni. Angeweza kukiacha kile kitu pale nje, na mpaka leo anajua kwamba angeweza. Akawabeba wote wawili akaingia ndani, akausukuma mlango kwa mgongo, akatia komeo, akakaa chini akiuegemea.

Sauti ikanyamaza. Kuku hawakulia, majani hayakutikisika. Watoto wawili walikuwa wakipumua kifuani kwake, mmoja anaonekana.

Kisha, nyuma ya mgongo wake, kwa Kiswahili kilichokosewa kidogo kama cha mtu aliyejifunza kwa kuchungulia, mtu akabisha hodi.